Mnyama wa Kitovu wa Weris Alio

Huku Nkubu watu wananiuliza nilichuma nini Garissa kwa miaka yote niliyokaa huko. Wenzangu waliopelekwa Nakuru na Mombasa walirudi na makochi. Mimi nilirudi na mikeka miwili, kikohozi cha vumbi, na tabia ya kunywa chai yenye sukari ya kuua. Nikisema kwamba nina mnyama kule, wanachangamka, wanauliza kama ni ngamia au ng'ombe. Nikiwaambia ni mnyama gani, wanatazamana, halafu mmoja anauliza kama nimekula. Kwa hiyo leo nataka kuzieleza habari za Weris Alio tangu mwanzo, maana nikizitoa vipande vipande ninaonekana nimerukwa na akili.

Nilifika Garissa mwaka 1989 nikiwa mkunga wa serikali, Kananu mimi, na koti la sufu mkononi kama mjinga. Wiki ya kwanza nilinunua leso katika duka la mwanamke mmoja mrefu, mweusi wa kung'aa, mwenye sauti ya kuita ng'ombe. Nilipoifua, rangi yote ilibaki kwenye karai. Nikarudi dukani nimejaa ugomvi hadi kooni.

"Wewe nafua na maji ya moto?" akaniuliza.

"Ndiyo, nimefua na maji ya moto. Nguo si ya kufuliwa?"

"Ah, abaayo, dada yangu! Kitambaa ya Liboi nabenda maji baridi. Maji ya moto naogoba." Akacheka mpaka akashika meza. Hakunirudishia hata senti. Alinikalisha kwenye gunia la mchele, akanipa chai ya maziwa ya ngamia, akaniuliza kama kwetu Meru watu wana mabwana wazuri. Urafiki wetu ulianza hivyo, kwa mimi kudhulumiwa.

Weris alizaliwa porini upande wa Ijara, katika familia ya wafugaji. Alikuja mjini akiwa msichana, na kibuyu cha maziwa kichwani, akakaa chini kwenye jua la sokoni pamoja na wauzaji wengine. Kutoka kwenye maziwa akaingia kwenye sukari, kutoka kwenye sukari akaingia kwenye nguo na tambi, akawa ana lori la kwenda Liboi, mpakani mwa Somalia, na kurudi. Aliolewa mara mbili. Hakupata mtoto. Waume wote wawili waliondoka wakisema kasoro ni yake, na sijasikia kwamba hata mmoja wao amepata mtoto kwingine, lakini hayo si yangu.

Alikuwa mfanyabiashara hasa, na sitaki kumfanya malaika. Alijua kubana. Mteja akilalamika kwamba mchele una mawe, alimwambia mawe hayana nyongeza ya bei. Kitu kimoja tu kilimfanya mtu tofauti na yule wa dukani: alipenda kuja wodini kwangu. Jioni alifunga duka akaja na birika kubwa, akawapa chai wanawake waliojifungua, hata wale asiowajua. Kisha alishika mtoto mmoja mmoja, akawatazama kwa muda mrefu, akawarudisha. Nilikuwa nikijifanya ninapanga mashuka.

Ni huko wodini nilikojifunza jambo la kitovu. Kwa watu wa Weris, mtoto akizaliwa baba yake humtengea mnyama. Wanaita hudun-hir, yaani kufunga kitovu. Mnyama huyo ni wa mtoto, na watakaozaliwa na mnyama huyo ni wa mtoto, hata baba hana ruhusa ya kuwauza ovyo. Kwa mvulana ni kama lazima. Kwa msichana inategemea moyo wa baba: wengine hutoa mbuzi, wengine husahau.

"Na wewe ulipewa nini?" nilimwuliza.

Alinyoosha shingo, akatazama dirishani. "Geri," akasema.

Geri ni twiga. Nilidhani ananitania. Akaniambia alizaliwa baada ya ukame mkubwa, baba yake ana ngamia wa kuhesabu kwa kidole. Asubuhi ile twiga jike alipita karibu na kambi na mwanawe, na Mzee Alio akanyoosha fimbo akasema, yule ndiye mnyama wa kitovu wa binti yangu. Watoto wenzake walimcheka, maana mnyama wake hakamwi, hachinjwi harusini, wala haitiki akiitwa. Yeye hakujali. Alisema alipokuwa akichunga mbuzi na kuwaona twiga kwa mbali, vichwa juu ya migunga, alijisemea: wale wangu, na hakuna anayenisumbua kuwachunga.

"Mwanamke tajiri wewe," nikamwambia.

"Sana," akasema, na hakuwa anacheka.

Basi mwenye mali hiyo ndiye aliyekuja kuifungia maji.

Vita vilipoanza Somalia, watu walimiminika Liboi na biashara ikamiminika nao. Weris alipata kuliko alivyowahi kupata. Akanunua shamba kando ya mto Tana, chini kidogo ya mji, akafunga pampu, akapanda ndizi na tikiti maji. Katikati ya shamba ilipita malka, ile njia pana ambayo mifugo na wanyama wa porini wameikanyaga tangu zamani kwenda kunywa mtoni. Kila mwenye shamba alikuwa akiziba malka yake, na Weris akaziba ya kwake. Wenzake waliziba kwa miiba. Yeye, kwa kuwa alikuwa na uwezo, aliziba kwa waya wa miba, nyuzi tano, nguzo za mkoma. Nilimsindikiza siku ya kuumaliza ule ua. Alitembea kuuzunguka akiugonga kwa kiganja kama mtu anayenunua fahali. Sikumwuliza chochote, na yeye hakufikiri chochote. Migomba ilikuwa imependeza mno.

Mwaka 1992 mvua ilikataa kabisa. Mabwawa ya porini yalikauka, na bunduki zilizovuka mpaka zilikuwa zimejaa vichakani, kwa hiyo twiga walikuwa wanasogea karibu na mji, kwenye watu wasiowapiga risasi. Wakawa wanautazama mto juu ya nyua za watu. Asubuhi moja nilisikia kelele, nikashuka na wengine. Twiga jike alikuwa amejaribu kuvuka ua wa Weris. Waya ulimshika miguu ya mbele, akaanguka, mguu ukavunjika. Watu walikuwa na njaa ya miezi. Mmoja alileta kisu, akamchinja kwa bismillahi, na sina wa kumlaumu. Nilipofika nyama ilikuwa imeshakwisha. Ngozi ilikuwa juu ya waya, na ndama wake alikuwa amesimama mbali kwenye migunga, hajui aende wapi.

Weris alikuwa ameketi chini katikati ya migomba yake. Kilemba kimemwanguka, hakukiokota.

Siku hiyohiyo Mzee Alio aliingia mjini. Alikuja na maziwa, kama alivyokuja kila baada ya kitambo, aone binti yake na kunywa chai yake, maana alisema hakuna chai ya Garissa inayofikia ya Weris. Alikuwa mzee mwembamba, mwenye ndevu nyekundu za hina. Alisimama kwenye ua, akagusa ile ngozi. Hakupiga kelele. Alisema maneno machache kwa Kisomali, akatua kibuyu chini, akageuka na kurudi alikotoka.

Kisomali changu kilikuwa cha wodini wakati ule: sukuma, pumua, pole. Nikamwuliza Weris amesema nini.

"Nasema, atakunywa chai kwangu siku mnyama yangu atakunywa maji kwangu."

Kesho yake aliajiri vijana wakang'oa waya wote. Baada ya hapo akakata migomba iliyosimama kwenye njia, ikiwa na mikungu inayokaribia kuiva, na mji mzima ukatoka kutazama. Watu walisema jini limempanda. Walipochoka kucheka akaanza la pili: aliwafuata majirani zake wa mtoni, mmoja baada ya mwingine, akiwaomba wafungue na za kwao. Hawakutaka. Ndipo akauza lori. Akakodi vipande vya mashamba yao palipopita malka, akavilipia vikae bure bila kupandwa, na kule porini akachimba silanga, yaani bwawa la maji, ili akina mama wenye mifugo wasigombanie mto na wanyama. Mfanyabiashara aliyebana mteja kwa punje ya mchele alikuwa analipia ardhi isipandwe kitu. Nilimwambia amepatwa na wazimu.

"Mimi nafunga mwenyewe," alinijibu. "Mimi nafungua mwenyewe. Wewe, nakunywa chai yako."

Kufungua njia si kurudisha wanyama. Twiga wana kumbukumbu, au wana woga, sijui. Walipita mbali. Kila alasiri Weris alifunga duka mapema, akakaa kwenye kigoda mwanzo wa ile njia, uso umeelekea porini, na mimi nikitoka zamu nilikwenda kukaa naye. Tulikaa hivyo 1993, na 1994, na kuendelea. Nilimtania kwamba twiga hawana saa. Nilimtania kwamba hata bwana zake hakuwangojea hivi. Alikuwa anacheka, kisha kicheko kinakatika, na anatazama tena. Nilikuwa nikifahamu kwamba hawangojei twiga peke yao.

Mzee alikuwa Ijara, kwenye kambi ya mpwa wake. Hakuja hata mara moja. Lakini kila gari la maziwa lililotoka upande ule lilileta kibuyu kimoja cha Weris, kimefukizwa vizuri kwa moshi, bila neno lolote. Weris aliyanywa maziwa peke yake, hakuyauza. Akakirudisha kibuyu kwa gari lilelile pamoja na majani ya chai na pakiti ya sukari, naye bila neno lolote.

"Kumbe anakunywa chai yako kila siku huko," nilimwambia. "Amekuzidi ujanja, mzee huyo."

"Chai ya mbali si chai," akasema. "Baba nakunywa na jicho kwanza. Naangalia mimi nabika."

Niseme wazi, nilimwonea huruma hadi nikamkasirikia yule mzee. Nilikuwa na baba yangu Nkubu ambaye nilikuwa simwandikii, na hapa kulikuwa na mwanamke mzima, mwenye duka, anayetuma salamu kwa lugha ya sukari.

Katika miaka hiyo ya kungoja ndipo mji ulipompa jina la Habo, yaani mama mdogo. Yaani, hakuwa tena na lori la kumpeleka Liboi, akili yake ikawa haina pa kwenda, akaielekeza kwa watu. Alilipia wasichana karo. Alinunua punda na mkokoteni wa kuleta maji hospitalini mfereji ulipokauka, na akamgombeza daktari mkuu kwa sababu ndoo zilikuwa chafu. Akiwaona vijana wanaotembea na bunduki karibu na mashamba aliwaendea moja kwa moja, shuka imefungwa kiunoni, akawauliza mama zao ni nani. Kwa kawaida aliwajua mama zao.

Halafu ikaja El Niño. Mwisho wa 1997 mvua ilinyesha kana kwamba inalipa deni la miaka mitano kwa siku moja. Tana ulipanda ukaingia mashambani, ukachukua pampu ya Weris, ukachukua migomba iliyobaki, ukachukua kigoda chake. Barabara ya Nairobi ikakatika. Nyumba yake ilikuwa mahali palipoinuka, basi watu wakapanda kwake na watoto na kuku na magodoro. Alifungua duka, lakini si kwa kuuza. Mchele ulipikwa, nguo zikawa mahema, zile nguo zinazoogopa maji ya moto, na rangi zao zikachujika kwenye mvua mpaka ua mzima ukawa kama kitenge. Baada ya mafuriko ukaja ugonjwa wa mifugo, ukaua mbuzi, kondoo na ngamia, ukawapata na watu. Sitaeleza wodi yangu ilivyokuwa. Ninachoweza kusema ni kwamba nilitoka hapo nimejifunza Kisomali cha kufariji.

Mvua ilipokwisha na maji yakashuka, wengi walikuwa hawana pa kurudi kwa sababu hawana cha kuchunga. Mmoja wao alikuwa Siyad, kijana mchungaji, na mkewe Maka, mwenye mimba changa. Walibaki kwenye ua wa Weris. Weris naye alibaki na duka lenye rafu tupu. Njiani hakwenda tena. Nilimwuliza mara moja, akasema kigoda kimekwenda na maji. Ningeweza kumletea kigoda. Niliona haya, sikumletea. Malka ikaota magugu, na tope kubwa lililoachwa na mto hakuna aliyelikanyaga, watu wakiogopa mamba.

Mwezi wa nane mwaka 1998, jua likiwa limerudia ukali wake, Mzee Alio alitokea langoni.

Alikuja kwa miguu sehemu kubwa ya safari. Ngamia wote walikuwa wamekufa, na mpwa wake amekwenda kutafuta kibarua. Alikuwa amebaki na fimbo na furushi la nguo begani. Weris alitoka mbio mikono wazi. Mzee alimwekea mkono kichwani, akamwombea dua ndefu, machozi yakimtoka, lakini alipoambiwa aingie ndani alikataa.

"Nilitoa neno langu," akasema. "Nimekuja kwa sababu miguu haikuwa na pengine pa kwenda. Neno liko palepale."

Akakaa nje ya lango. Usiku alilala msikitini, mchana akarudi pale pale, kivulini mwa ukuta. Chakula kilikuja kutoka kwa majirani. Weris alipomletea chai aliitazama, akaivuta harufu yake, akageuza uso. Kwa siku kadhaa nilipita hapo nikienda kazini na kurudi, na kila mara nilitaka kumtingisha. Baba na binti wametenganishwa na ukuta wa udongo, kila mmoja anamsikia mwenzake akikohoa. Mimi ningevunja neno langu hata mara tatu kabla ya kiamsha kinywa. Wao si watu wa namna hiyo, na mpaka leo sijui kama ni ubora au ni ugonjwa.

Uchungu wa Maka ulianza asubuhi, haukutoa nafasi ya hospitali. Nilimzalisha kwenye ghala la Weris, kati ya magunia matupu. Msichana, mzima, mwenye hasira. Weris alimshika kwanza kabla ya mama yake, nikamwachia.

Nilitoka kumpa Siyad habari njema. Alikuwa ameketi langoni karibu na Mzee Alio, wote wawili wameegemea ukuta, wanaume wawili na fimbo mbili na hakuna mnyama hata mmoja.

"Ni binti," nilimwambia. "Njoo umwone."

Hakuinuka. Akanijibu kwa Kiswahili, macho chini: "Mimi naingia na nini, sister? Hata mbuzi moja sina."

Nilikuwa nataka kumgombeza, lakini Mzee Alio alianza kuzungumza. Alimsemesha yule kijana kwa Kisomali, polepole, na safari hii nilielewa karibu kila kitu.

"Hata mimi nilikaa hivi," alisema. "Binti yangu alipozaliwa sikuwa na kitu. Watu wanasema nilikuwa na ngamia wachache. Sikuwa na hata mmoja, wale walikuwa wa kaka yangu. Mama yake alikuwa analia hemani kwa sababu mtoto hana wa kufungiwa kitovu. Twiga akapita na mwanawe. Nikanyoosha fimbo, nikasema yule ni wa binti yangu. Nilisema ili mama yake anyamaze. Sikumpa mtoto kitu, kijana wangu. Nilikuwa nauficha uso wangu."

Weris alikuwa amesimama nyuma yetu langoni, birika mkononi. Sijui alifika lini. Alisikia yote.

"Aabo," alisema. "Kwa hiyo hukunipa."

Mzee hakugeuka.

"Miaka sita," Weris akasema, na sauti yake ya kuita ng'ombe ilikuwa imepotea kabisa. "Nimekata migomba. Nimeuza lori. Nimekaa njiani mpaka watu wakaniita mwehu. Kama hakuwa wangu, siku ile ya waya uliondoka kwa nini?"

"Kwa sababu kilikuwa kitu pekee nilichowahi kukupa," alisema. "Na wewe ulikiamini. Ulipokuwa mdogo ulikuwa unawaonyesha wenzako, wale wangu, nami nikawa nimesimama wima kama mtu mwenye mali. Nilipoona ile ngozi nikasema, basi, hata uongo wangu umekufa. Sasa sina nilichompa mwanangu. Ningekaa vipi mbele yako kunywa chai?"

Nilifikiri Weris atamwaga birika. Alilitua chini taratibu, akachuchumaa mbele ya baba yake ili amwone uso. Alikuwa analia na hakujificha.

"Wengine walipewa mbuzi," akasema. "Mbuzi wao wamekufa wote. Inuka, Aabo. Mwonyeshe huyu kijana namna ya kunyoosha fimbo."

"Hakuna twiga hapa."

"Inuka tu."

Tulikwenda wote wanne kwenye ile njia, mimi na aproni yangu bado ina damu. Siyad alitangulia akifyeka magugu kwa fimbo, kichwa kimeinama kama alivyokuwa amekiinamisha tangu asubuhi, na nadhani ndiyo maana aliona yeye. Karibu na maji, mahali tope lilipokuwa bado bichi, alisimama. Akatuzuia kwa mkono.

Zilikuwa nyayo. Kwato mbili mbili, kubwa kama sahani, zilizotoka porini moja kwa moja kwenye njia ya Weris hadi ukingoni mwa mto. Na pale ukingoni, nyayo za mbele zilikuwa zimetanuka, moja huku na moja kule, umbali wa mtu kulala. Hata mimi niliyetoka kwenye mlima wa chai nilijua maana yake. Twiga hawezi kufikisha mdomo chini bila kutanua miguu hivyo.

Mzee Alio alipiga magoti. Aliingiza vidole kwenye unyayo, maji yakajaa polepole.

"Amekunywa," akasema. Kisha akasema tena, kwa Weris peke yake: "Amekunywa kwako."

Kando ya nyayo kubwa zilikuwapo ndogo, nyembamba, zimeteleza kidogo mwishoni. Siyad alizitazama muda mrefu. Hatimaye akainua fimbo yake, akaielekeza kwenye nyayo zile ndogo, akasema kwa sauti ya juu ili tusikie sote kwamba huyo ni wa binti yake. Akageuka, akaenda karibu anakimbia, kumwona mtoto. Wakamwita Ramla.

Ile miaka yote ya kigoda, twiga hawakuja. Walikuja Weris alipokuwa ameacha kungoja na ana kazi ya kulisha watu, na hakuna aliyewaona. Nilitaka kumwambia kwamba dunia ina dharau. Lakini alikuwa ameshamshika baba yake mkono, wanapanda kuelekea nyumbani, wala hawakumbuki kama nipo.

Mzee aliingia ndani, akavua viatu, akaketi mkekani. Weris akawasha jiko, akatia majani, iliki, tangawizi. Akafungua debe la sukari, akasimama nalo. Halikuwa na hata chembe. Sukari yote ilikuwa imekwenda kwa wenye mafuriko, na chembe za mwisho kwenye chai aliyoikataa mzee langoni; sisi kwa wiki nyingi tulikuwa tunakunywa chai chungu na hakuna aliyejali. Msomali kumpa baba yake chai isiyo na sukari, siku kama ile!

Mzee alivuta furushi lake la nguo, akalifungua fundo. Ndani mlikuwa na shuka moja, Kurani ndogo, na pakiti za sukari. Zilikuwa zimenyeshewa zikakauka, zimekuwa ngumu kama mawe, karatasi zimegandamana nazo. Nilizitambua. Zilitoka duka la Weris.

"Nyingine waliiba watoto wa kambi," alisema, kama anayejitetea. "Majani niligawa. Sikuwahi kuinywa. Nilisema nitainywa kwako."

Weris alichukua mchi, akaigonga ile sukari. Ilichukua muda, kwa sababu ilikuwa ngumu, na kwa sababu alikuwa haoni vizuri anapogonga. Mzee alikuwa akimtazama akipika, hakutoa jicho. Alipopewa kikombe alikunywa chote bila kusimama, akakirudisha kijazwe tena. Mimi nilitoka nje, nikasingizia mtoto.

Baada ya hapo jambo lile likaenea lenyewe. Mifugo ilikuwa imekwisha, watoto walikuwa wanazaliwa, na akina baba maskini walikuja kwa Mzee Alio wakiona haya, naye akawapeleka kwenye njia alasiri kuwaonyesha. Ukame uliporudi twiga walikuja kunywa wazi wazi, na Weris na baba yake waliwatazama kutoka kwenye vigoda viwili vipya. Kijana mmoja alikuja na bunduki mwaka uliofuata. Akina mama walimzunguka wakamwuliza: huyo ni wa Ramla, na yule ni wa Fatumo, na yule mwenye doa jeusi ni wa Nunow, wewe utawalipa watoto hawa na nini? Wizi wa mnyama wa kitovu ni aibu inayofuata ukoo mzima. Aliondoka.

Mzee Alio alifariki mwisho wa 1999, kwenye mkeka ule ule. Weris alirudi njiani baada ya arubaini, akakaa kwenye kigoda kimoja, na kile kingine hakuna aliyekikalia.

Uhamisho wangu ulikuja wakati huohuo. Siku ya mwisho nilikwenda kukaa naye. Nilikikalia kile kigoda, kwa idhini yake. Twiga walitoka migungani, wakasimama wakatusikiliza. Weris alinyoosha mkono kwa mmoja, jike mrefu, mwenye sikio lililochanika.

"Yule yako," alisema.

"Mimi? Mimi si mtoto. Na si Msomali."

"Wewe nafunga kitovu ya watoto ya Garissa yote. Ya kwako nani nafunga?" Akashusha mkono. "Hawezi kukamua. Hawezi kuuza. Inabaki hapa, wewe naenda. Sasa utajua mimi nasikiaje."

Nilimwandikia baba yangu kabla sijapanda basi, kwamba ninarudi nyumbani, aweke maji jikoni.

Huku Nkubu jioni ina ukungu, na miti inaziba macho pande zote. Wakati mwingine natoka nje na kikombe changu, nageuka upande wa mashariki ambako hakuna ninachoweza kuona. Mke wa kaka yangu huuliza ninatazama nini. Ninamwambia naangalia kama mnyama wangu amekunywa.